Mkono wa Mama Mkwe

Kwa miaka kumi na tisa ya ndoa yangu sikuwa nimemgusa mama mkwe hata mara moja. Haikuwa chuki. Kwetu Masisi na kwao Walikale tunafanana katika jambo hili: mkwe hampi mama mkwe mkono, hakai naye benchi moja, hali naye sahani moja. Akija njiani unampisha, unaingia majanini. Nilikuwa nikimsalimia nikiwa mbali, macho chini, naye akinijibu huku amenigeuzia bega, na sote wawili tuliona hiyo ndiyo heshima.

Hata alipokuja kuishi nasi hatukubadilisha kitu. Alikuwa mjane wa mwindaji, mwanamke wa msituni aliyelima ndizi na mpunga maisha yake yote. Kijiji chake kilipochomwa, mke wangu alikwenda kumchukua akamleta kwenye kilima chetu, juu ya barabara inayokwenda Lushebere. Tulimjengea nyumba ndogo ya mbao nyuma ya yetu. Baridi ya kwetu ilimtesa lakini hakulalamika.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi. Mwaka huo shule yetu ilikuwa imefungwa kwa sababu ya mapigano. Watoto wetu wawili, wakubwa tayari, walikuwa Goma wakisoma. Mke wangu alikuwa amekwenda Mubi kuuza vitenge, safari ya wiki mbili, na akiwa huko njia ikakatika. Hakuna lori wala pikipiki iliyopita. Tukabaki wawili, mimi na mama mkwe, na jirani yetu mmoja, mama wa makamo, ndiye aliyebeba sahani kutoka jikoni kwa mama mkwe mpaka mlangoni kwangu.

Asubuhi moja mama mkwe alikuwa amekaa nje akipepeta maharagi. Mimi nilikuwa hatua kama kumi kutoka hapo, nikinoa jembe. Nikasikia ungo umeanguka. Nilipoinua macho niliona maharagi yametawanyika chini na yeye anayaokota kwa mkono wa kulia, polepole, kana kwamba hakuna kilichotokea. Mkono wa kushoto ulikuwa unaning'inia. Mdomo ulikuwa umevutwa upande.

"Mama, munaumwa?"

Alijibu, lakini maneno yalitoka mazito, kama ya mtu aliyejaza bugali mdomoni. Kisha akaanza kuinama upande wa kushoto. Hakuanguka ghafla. Aliinama kidogo kidogo, na mimi nilikuwa na nafasi ya kumdaka. Badala ya kumdaka nilitupa jembe nikakimbia kumwita jirani. Jirani alikuwa shambani. Niliporudi mama mkwe alikuwa chini, paji la uso limepasuka kwenye jiwe, damu inaingia kwenye nyusi, na macho yake yananitazama.

Nikamwinua. Ndiyo mara ya kwanza kumgusa. Alikuwa mwepesi kuliko nilivyodhani, na mkono wake wa kushoto ulinigonga kifuani kama kitu kisicho na mwenyewe.

Wanaume wanne wa kanisani walimbeba kwenye kipoyi, ile machela yetu ya miti na blanketi, tukateremka naye mpaka hospitali. Daktari alisema ni kiharusi. Tansio, yaani shinikizo la damu, ilikuwa imepanda, mshipa wa kichwani ukaziba. Angeishi, alisema, lakini kutembea kungetegemea kazi tutakayofanya sisi baada ya hapo.

Aliyetufundisha kazi hiyo alikuwa mwanaume mpole mwenye mikono mikubwa. Wote pale walimwita kine, kwa Kifaransa, maana yake mtu anayefundisha viungo kufanya kazi tena. Siku aliyokuja mara ya kwanza alimkalisha mama mkwe pembeni ya kitanda, akaniuliza:

"Nani iko naye nyumbani?"

"Njo miye."

"Weye ni mutoto wake?"

"Hapana. Miye ni mukwe."

Alikuwa mtu wa huku huku, hakuhitaji kuelezwa. "Na bibi yako?"

"Iko Mubi. Njia imefungwa."

"Mukwe," akasema, "kichwa cha mama hakitangoja njia ifunguliwe. Hii miezi ya kwanza njo miezi ya kazi. Musipofanya sasa, ule mukono na ule muguu vitasahau kabisa."

Mama mkwe aligeuza uso ukutani.

Jirani yetu alikuwa amekuja kumwosha, kwa hiyo ndiye aliyejifunza kwa mikono. Mimi nilisimama mlangoni na daftari ya shule nikiandika. Kulala chali, magoti yamekunjwa, kuinua kiuno juu na kukishusha taratibu, mtu mwingine akishikilia mguu dhaifu usiteleze. Kuufungua mkono kidole kimoja kimoja, ukianza na gumba, kisha kulaza kiganja mezani na kukiegemea. Kusimama kutoka kwenye kiti: miguu irudi nyuma kidogo, mwili uiname mpaka pua ipite vidole vya miguu, ndipo kiuno kinyanyuke. Kidogo kidogo, mara tano kwa siku, si mara moja mpaka kuchoka. Msaidizi akae upande dhaifu, kwa sababu huko ndiko mgonjwa anakoangukia.

"Na hii muandike kwa herufi kubwa," kine alisema. "Musimuvute mukono. Bega lake halina nguvu ya kujishikilia. Mukivuta, mutaliharibu."

Siku ya kutoka alimfundisha ngazi tatu za mlango wa hospitali. Kupanda, mguu mzuri unatangulia. Kushuka, mguu mbaya ndio unatangulia, baada ya fimbo. Mama mkwe alishuka ngazi moja, akatetemeka, akakataa zilizobaki. Wanaume wa kipoyi wakambeba.

Nyumbani tulipanga hivi: jirani aliingia ndani kwa mama mkwe, mimi nikasimama nje ya ukuta wa mbao na daftari yangu, nikisoma kwa sauti.

"Sasa kiuno juu. Mara kumi."

"Amefanya sita," jirani alijibu kutoka ndani.

"Bado ine."

"Anasema weye njo ufanye hizo ine."

Hivyo ndivyo tulivyokwenda karibu wiki tatu. Alianza kukaa bila kuegemea. Alianza kusimama akishikilia meza. Maneno yake yakanyooka, na la kwanza aliloniambia kupitia ukuta ni kwamba ninasoma kwa haraka mno.

Kisha mapigano yakahamia kilima cha pili. Mchana tulisikia silaha ndogo, na mara chache kubwa, zile zinazotikisa mabati. Watu walianza kuondoka. Siku moja jirani alikuja na watoto wake na godoro kichwani.

"Papa mwalimu, twende Lushebere. Kule kambini kwa wakimbizi angalau kuna watu."

"Nani atamubeba mama? Wanaume wa kipoyi wamekwisha kwenda."

Aliangalia nyumba ya mama mkwe, akaangalia watoto wake. Akaingia ndani kuaga. Alipotoka hakunitazama tena, akashika njia.

Siku hiyo hakuna mazoezi yaliyofanyika. Niliteremsha sahani ya chakula ndani ya mlango wa mama mkwe nikatoka. Nikasikia sahani imeanguka. Nilisimama nje na sikujua nifanye nini. Kesho yake nilichungulia, nikaona mkono wake wa kushoto umejikunja ngumi, vidole vimeingia kiganjani, na hakuweza kujinyanyua kitandani. Alikuwa amelala kwenye unyevu wake. Alipotambua namwona alifunika uso kwa kitenge.

Nilipanda mahali panapopatikana mtandao nikampigia mke wangu. Nilimweleza kila kitu.

"Unaogopa mama, ao unaogopa watu?" akauliza.

"Ni heshima."

"Watu wamekwisha kukimbia. Mama iko analala mu mikojo. Heshima iko wapi hapo? Nenda, weka simu karibu na sikio lake."

Nilimwambia chini kwa mama hakuna mtandao. Akasema basi nimpelekee maneno yake: kwamba yeye, binti wa pekee, ameniweka mimi kuwa mikono yake mpaka atakaporudi.

Nilisimama mlangoni kwa mama mkwe nikayasema maneno hayo kama yalivyo. Alisikiliza akiwa amefunikwa. Kisha akasema, "Kuna kuku?"

"Kuko moja."

"Zamani, kwetu, mukwe mwenye alitaka kukaribia alitoa mbuzi. Mbuzi hatuna. Lete kuku."

Sijui kama kweli desturi ilikuwa hivyo, au aliitunga hapo kitandani ili sisi wawili tupate pa kupitia. Sikuuliza. Nilimletea kuku, akamshika kwa mkono wa kulia, akamsemesha kwa Kinyanga, lugha yao, maneno mengi nisiyoyaelewa. Halafu akanirudishia nimpike. Nilichota maji nikayapasha moto, nikamwosha nikiwa nimeangalia dirisha, nikambadilisha nguo. Jioni tukala sahani moja. Kipande cha kwanza alikiweka upande wangu.

"Sasa," akasema, "lete ile daftari yako."

Tulifanya kazi kila siku. Nilijifunza jinsi vidole vilivyojikunja vinavyokataa ukitumia nguvu na vinavyokubali ukianza na gumba na kungoja. Nilimfunga kamba ya kitenge kiunoni ili nipate pa kushika. Alifuta meza kwa kitambaa, mkono mzuri juu ya mkono mbaya, mbele na nyuma, mpaka meza ikang'aa. Mimi nilikuwa mkali, ni tabia ya kazi yangu.

"Jana ulisema kumi. Leo kumi na tano imetoka wapi?"

"Munaendelea, Mama. Mwenye kuendelea anaongezewa."

"Miye si mutoto ya masomo."

Lakini alifanya kumi na tano. Silaha zikilia alisimama katikati ya zoezi, kichwa kimeinama, akisikiliza ni upande gani. Zikinyamaza alisema, "Nimefika ngapi?" Kutoka kitandani mpaka mlangoni. Kutoka mlangoni mpaka mti wa avoka. Nilijua hatua ninazozihitaji: njia ya kuteremka mpaka barabarani, ambayo mtu mwenye afya anaimaliza kwa nusu saa. Yeye pia alijua.

Kisha nikafanya kosa. Asubuhi moja milio ilikuwa karibu kuliko siku zote. Niliingia kwake mbio, nikasema tuondoke, nikamshika mkono uliokuwa karibu nami nikavuta. Ulikuwa wa kushoto. Nilisikia kitu kimeteguka begani kwake kabla sijasikia sauti yake.

Hatukuondoka. Milio ikapungua peke yake saa hiyohiyo. Bega likavimba, na kwa siku mbili hakulala wala hakutaka niingie zaidi ya kumletea maji. Nilipanda tena kwenye mtandao, nikampata kine. Hakunikaripia. Aliniambia nimwekee mto chini ya kiwiko anapokaa, nimfunge kitenge shingoni kushikilia mkono anaposimama, niache kabisa kuuinua kwa wiki moja, lakini miguu isipumzike.

Siku ya tatu nilimwomba msamaha. Nilipiga magoti kwenye vumbi la mlangoni.

"Ulinivuta kama mbuzi," akasema.

"Ndiyo, Mama."

"Ni woga. Muntu mwenye woga anavuta." Akauweka mkono wake wa kushoto sawasawa kwenye mto. "Na ile siku ya maharagi, weye ulikimbia."

Nilikuwa nimejiambia kwamba hakumbuki.

"Miye pia ningekimbia," akasema. "Sasa nisimamishe. Lakini polepole."

Siku ya kukimbia ilitukuta baada ya chakula cha mchana. Watu walipita njiani mbele ya kiwanja bila kusalimia, wengine na masufuria, wengine na wagonjwa mgongoni. Mzee mmoja alituambia bila kusimama kwamba wenye silaha wako tayari kwenye shamba la viazi, nyuma ya kilima chetu. Mvua ilikuwa imenyesha asubuhi na njia ilikuwa matope.

Nilimkuta amekaa kwenye kiti, mikono mapajani.

"Kwenda," akaniambia. "Wanataka vijana na ng'ombe. Mwanamuke muzee mugonjwa hawatamufanya kitu."

"Bibi yangu ataniuliza nilimuacha mama yake wapi."

"Utamuambia miye njo nilikataa."

"Hatakubali. Miguu nyuma, Mama. Pua mbele."

Alinitazama. Nilisema naye vilevile ninavyosema darasani. "Pua mbele," nikarudia. Akainama. Akasimama.

Nilimfunga mkono shingoni kwa kitenge, nikashika kamba ya kiunoni, nikakaa upande wa kushoto. Fimbo, mguu mbaya, mguu mzuri. Mpaka ukingo wa kiwanja tulikwenda vizuri. Kisha njia ikaanza kuteremka, na yeye akasimama kama alivyosimama kwenye ngazi za hospitali. Goti la kushoto lilikuwa linacheza.

"Fimbo," nikasema. "Sasa mubaya."

"Nitaanguka."

"Mukianguka, mutaniangukia miye."

Fimbo ilizama kwenye matope. Mguu mbaya ukaifuata. Nilihisi uzito wake wote umenijia ubavuni, ukaondoka. Tukafanya tena. Nyuma yetu risasi zilianza, si za kutulenga, lakini zilipita juu kwa sauti ya kitambaa kinachochanwa. Kila iliposikika miguu yangu ilitaka kwenda, na mimi niliishikilia. Nilijisemea moyoni: usivute, usivute.

Mahali penye mteremko mkali alikaa chini, nikamshusha akiwa amekaa, kisha ikabidi asimame kutoka chini, jambo ambalo hatukuwa tumelifanyia mazoezi. Tulijaribu mara tatu. Mara ya nne nilimwegemeza kwenye ukingo wa shamba, akanyanyuka. Mwanaume mmoja ninayemfahamu, mzee wa kanisa, alitupita hapo. Aliuona mkono wangu kiunoni kwa mama mkwe, akatazama pembeni, akaenda. Mama mkwe alimwona pia.

"Muache," akasema. "Nimefika ngapi?"

Nilikuwa nimeacha kuhesabu. Nilimdanganya nikasema mia tatu.

Tulipofika barabarani jua lilikuwa limeshaegemea vilima, na wote wawili tulikuwa matope mpaka kiunoni. Pikipiki zilikuwa zimekwisha. Mwisho alitokea mwendeshaji mmoja na gunia la viazi nyuma. Alitutazama, akashuka, akalitupa gunia mtaroni. Tukamkalisha mama mkwe katikati, mimi nyuma yake nikimkumbatia ili asiegemee upande. Hivyo tulikwenda njia nzima mpaka Lushebere.

Kambini tulimkuta jirani yetu, naye akatupokea kwenye kibanda chake cha shiti, yaani turubai la plastiki, mpaka tukapata cha kwetu. Mazoezi yaliendelea mbele za watu, na watu walisema. Wengine walisema nimelaaniwa, wengine walileta wagonjwa wao nami nikawasomea daftari. Baada ya mwezi na nusu njia ilifunguliwa, mke wangu akafika kutoka Mubi akiwa na vumbi mpaka kwenye nyusi. Mama yake alikuwa anatoka chooni peke yake, na fimbo. Mke wangu alisimama alipokuwa, hakumkimbilia, akamngoja afike.

Jioni hiyo hiyo mama mkwe aliomba sahani yake peke yake. Kesho yake nilipomsogelea na kamba ya kitenge aligeuza bega, akasema kwa upole kwamba mtoto wake amekuja. Nilimpa mke wangu daftari. Nilikuwa nimeingoja siku hiyo kwa miezi, na nilipokuwa naondoka mikono yangu haikujua ikae wapi.

Tumerudi kwenye kilima. Milango ya nyumba ilikuwa imeng'olewa na maharagi yetu yalikuwa yamevunwa na wengine. Mama mkwe anatembea mpaka kanisani, polepole, akianza kabla ya kengele. Bega bado linamuuma wakati wa baridi, na kosa hilo ni langu.

Mwezi uliopita tulimpeleka hospitali kwa ajili ya tansio. Kine alimtazama akitembea kwenye korido, akamwomba afungue mkono wa kushoto. Vidole vitatu vilifunguka.

"Na hivi viwili, Mama?"

"Vimekataa," akajibu. "Viko vizee. Labda vitakubali kesho."

Kine akampa zoezi lingine, la kukamua kitambaa chenye maji, mke wangu akaliandika. Mimi nilikuwa tayari nimetoka, natafuta pikipiki za kuturudisha kabla ya mvua.